Sotigui Kouyaté: manju katika michezo ya majaribio



Leo nataka kuzungumza juu ya mchezaji mmoja wa filamu na wa michezo ya kuigiza ambaye jina lake huenda wengi wenu hamjapata kulisikia. Aliitwa Sotigui Kouyaté. Alizaliwa Bamako, Mali, mwezi Julai 1936, wazazi wake wakiwa wenye asili ya Guinea. Alikulia katika nchi ambayo siku hizo iliitwa Volta ya Juu na leo ni Burkina Faso, na akafariki dunia mjini Paris mwezi Aprili 2010. Katikati ya tarehe hizo mbili alichezea mpira timu ya taifa ya nchi yake, akawa mwigizaji, na kwa zaidi ya miaka ishirini akafanya kazi na mmoja wa watu waliougeuza mchezo wa kuigiza wa Ulaya juu chini.

Kilichonifanya nimkumbuke ni barua ya msikilizaji mmoja. Analalamika kwamba kila anapokwenda kutazama kinachoitwa "mchezo wa majaribio" anakuta vijana watatu waliovaa magunia, wawili wanapiga kelele, mmoja anajigaragaza sakafuni, na mchezo unakwisha bila ya mtu yeyote kujua kuwa umekwisha. Kwa maoni yake, "majaribio" ni jina la heshima la mchezo ambao mtungaji wake ameshindwa kuumaliza. Nilicheka. Lakini mwishoni mwa barua kuna swali ambalo halichekeshi hata kidogo. Anauliza: haya majaribio yana faida gani kwetu sisi wenye ngoma zetu, ngano zetu na manju wetu, au ni koti la Mzungu tu tunalojivisha kwenye jua kali?

Jibu langu ni Sotigui Kouyaté, ingawa nitaeleza huko mbele kwamba hata jibu hilo lina mwiba ndani yake.

Tuanze na jina. Miongoni mwa Wamandinka wa Mali, Guinea, Senegal na Burkina Faso, jina la ukoo hukwambia kazi ya watu. Kina Keita ni ukoo wa kifalme, ukoo wa Sundiata Keita aliyeiasisi dola ya Mali katika karne ya 13. Kina Kouyaté ni manju wao, na wanajihesabu kuwa kizazi cha Balla Fasséké, manju wa Sundiata mwenyewe. Watu wa kazi hiyo huitwa jeli, na Wafaransa huwaita griot. Natumia neno manju kwa kuwa sina jingine lililo karibu zaidi, lakini jeli ana mzigo mkubwa kuliko manju wetu. Anaimba na kupiga ala, ni kweli. Zaidi ya hapo anahifadhi nasaba za watu kichwani, anapeleka posa, anasuluhisha mume na mke, anasuluhisha kijiji na kijiji, na husema hadharani lile ambalo mfalme hawezi kulisema kwa kinywa chake. Tena ana ruhusa ya kumwambia mkubwa ukweli usoni bila ya kuguswa, kama mtani wetu anavyoruhusiwa kusema ovyo msibani na hakuna anayemkasirikia. Wamandinka nao wana utani wa koo, wanauita sanankuya, na Mnyamwezi na Mzaramo wakisimuliwa habari zake wataujua mara moja.

Mtu wa namna hiyo anafundishwa tangu utotoni kuwa neno ni kitu kizito, kinachoweza kuunganisha watu au kuwatenga. Kwa hiyo hufundishwa pia kunyamaza. Naomba mlikumbuke hilo, kwa sababu kila aliyemwona Sotigui Kouyaté kazini alibaki akizungumzia ukimya wake.

Katika uigizaji aliingia mwaka 1966, akiwa na miaka thelathini, baada ya mwenzake Boubacar Dicko kumtia katika mchezo wa historia. Akauacha mpira, akaunda kikundi chake mwenyewe, akatunga na mchezo wake, La Complainte du caïman, yaani maombolezo ya mamba. Filamu nazo zikafuata. Mwaka 1982 alikuwa mchezaji mkuu katika filamu ya Christian Richard iitwayo Le Courage des autres, habari za misafara ya watumwa wa Afrika ya Magharibi, filamu ambayo karibu haina mazungumzo. Mchezaji asiye na maneno ya kujificha nyuma yake hana budi kutumia mabega, shingo na macho. Sotigui alikuwa mrefu sana na mwembamba, na alikuwa akijua kusimama tu, asifanye kitu, na bado mtu usiweze kumwondolea macho.

Huko Paris, wakati huo, Mwingereza Peter Brook alikuwa akitafuta watu wa aina hiyo. Brook alikwisha kuwa bingwa wa michezo ya Shakespeare nchini Uingereza, lakini alichoka na mapazia, viti vya mahameli na watazamaji wanaokuja kuonyeshana nguo. Mwaka 1970 alianzisha kituo cha utafiti wa uigizaji mjini Paris na kukusanya wachezaji wa mataifa mbalimbali. Kuanzia Desemba 1972 aliwachukua katika safari ya Afrika iliyoendelea hadi mwanzoni mwa 1973. Walivuka jangwa la Sahara kutoka Algeria, wakapita Niger, Nigeria, Dahomey na Mali. Walikuwa wakifika kijijini, wanatandika zulia chini, wanaanza. Hawakuwa na lugha ya kuelewana na wenyeji, wala hadithi iliyoandikwa. Mara nyingine waliweka jozi ya viatu vikuukuu katikati ya zulia na kuona mchezo gani utazaliwa hapo. Kiatu kila mtu anakijua, hata asiyekuwa nacho.

Hayo ndiyo majaribio, ndugu msikilizaji uliyeniandikia barua. Wazungu walikuwa wakijaribu kujua kama mchezo unaweza kuishi bila ya jengo, bila ya taa, bila ya tiketi, na watu wakiwa wameuzunguka pande zote. Bibi yangu angewashangaa sana. Angewauliza, kwani mchezo huchezwa vipi?

Mwaka 1983 Brook alimwita Sotigui kwa ajili ya kazi kubwa kuliko zote alizopata kuzifanya: kuuweka jukwaani utenzi mkuu wa Bara Hindi, Mahabharata. Jean-Claude Carrière aliuandika kwa Kifaransa, na Julai 1985 ulionyeshwa kwa mara ya kwanza katika tamasha la Avignon, kusini mwa Ufaransa, ndani ya machimbo ya mawe. Ulichukua saa tisa. Siku nyingine ulianza jua linapotua ukamalizika alfajiri, watazamaji wamejifunika mablanketi, na chini kuna udongo, maji na moto halisi. Wachezaji walikuwa Mjapani Yoshi Oida, Mhindi Mallika Sarabhai, Mpolandi Ryszard Cieślak aliyekuwa mfalme kipofu, Mwitalia Vittorio Mezzogiorno, Msenegali Mamadou Dioumé, na wengine wa nchi nyingi. Sotigui alipewa nafasi ya Bhishma.

Wenzetu wanaosali katika mahekalu ya mtaa wa Kisutu wanamjua Bhishma. Ni mtoto wa mfalme aliyekula kiapo cha kutooa maisha yake yote na kuuacha ufalme, ili baba yake apate kumwoa mwanamke aliyempenda. Kwa kiapo hicho alipewa zawadi ya kuchagua mwenyewe saa ya kufa kwake. Anazeeka akiulinda ukoo unaogawanyika mbele ya macho yake, na vita inapowadia analazimika kupigana upande ambao anajua hauna haki. Mwishowe anaangushwa kwa mishale mingi kiasi kwamba mwili wake haugusi ardhi, analala juu ya mishale hiyohiyo kama kitandani, na anakataa kufa mpaka saa aitakayo. Hebu fikirini nafasi hiyo ikichezwa na manju wa Kimandinka, mtu ambaye ukoo wake kazi yake kwa miaka mia saba ilikuwa kukaa karibu na wafalme, kuwaambia ukweli, na kuwatazama wakikosea.

Onyesho hilo lilizunguka dunia, New York mwaka 1987, Glasgow na Tokyo mwaka 1988, na mwaka 1989 likafanywa filamu. Sifa zilikuwa nyingi. Lawama nazo zilikuwepo, na zile zilizotoka kwa Wahindi zilikuwa na hoja. Mhakiki Rustom Bharucha aliandika kwa ukali kwamba Brook ameuchukua utenzi wa watu, ameuondoa katika dini na maisha yao, na kuwauzia Wazungu kama hadithi ya binadamu wote. Mimi naona Bharucha alisema haki kuhusu mtayarishaji. Lakini kuhusu Sotigui nina neno jingine. Katika machimbo yale ya Avignon, utenzi wa kusimuliwa usiku kucha ulikuwa jambo geni kwa watazamaji, na pengine kwa nusu ya wachezaji. Kwa Sotigui ilikuwa kazi ya nyumbani. Habari za Sundiata huko kwao husimuliwa vivyo hivyo, kwa muda mrefu, watu wamekaa chini, manju akigeuka kuwa mfalme, kisha mchawi, kisha mama, bila ya kubadili nguo. Waliokuwa wakijaribu ni wengine, yeye alikuwa akiendelea na kazi ya babu zake katika hadithi ya watu wengine.

Sasa nije kwenye ule mwiba.

Ukiitazama orodha ya nafasi alizocheza Sotigui tangu hapo utaona kitu kinachojirudia. Bhishma ni mzee mwenye hekima. Mwaka 1995 ni manju mzee. Mwaka 1999 ni Yakobo wa kwenye Biblia. Mwaka 2001 ni mzee wa Kisenegali. Mwaka 2004 ni mwalimu wa dini. Mwaka 2009 ni baba mzee aliyefiwa. Ulaya ilimpenda Mwafrika huyu mwembamba, mwenye nywele ndefu za mvi na sauti ya taratibu, na kila mtu alitaka aje aketi awe na busara. Hilo nalo ni zizi. Mtu mweusi wa Ulaya hupewa nafasi mbili, ya mhalifu au ya mzee wa busara chini ya mti, na ya pili ni nzuri zaidi, lakini nayo inamnyima mtu nafasi ya kukosea, ya kutamani, ya kuwa mjinga kama watu wengine. Nadhani Sotigui alilijua zizi hilo. Namna alivyoishi ndani yake ndiyo inayonifanya nimheshimu.

Mwaka 1990 Brook aliweka jukwaani mchezo wa Shakespeare ambao sisi tunao kwa Kiswahili, Tufani, uliofasiriwa na Samuel Mushi na kuchapishwa mwaka 1969. Mnakumbuka habari zake. Prospero, mtawala aliyepinduliwa na ndugu yake, yuko kisiwani na binti yake. Kwa uchawi wa vitabu vyake anamtumikisha jini Ariel na kumfanya mtumwa Caliban, ambaye ndiye mwenye kisiwa. Wasomi wengi wa Afrika na wa visiwa vya Karibi wamekwisha kuandika kwamba Prospero ni mkoloni na Caliban ni sisi. Brook akampa Sotigui nafasi ya Prospero. Ariel akawa Bakary Sangaré, Mmali. Na Caliban, mtumwa yule anayelaani, akawa David Bennent, kijana wa Kizungu. Hakuna neno la Shakespeare lililobadilishwa kwa ajili ya siasa. Rangi zilipinduliwa tu, juu ya kiwanja cha mchanga, na mtazamaji akaachwa ajiulize mwenyewe kwa nini amesituka. Prospero si mzee wa busara. Ni mtu mwenye kinyongo, mkali, anayependa kutawala, na anayejilazimisha kusamehe mwishoni huku roho inamuuma. Hapo Sotigui alipewa uwanja wa kuwa dhalimu, na majaribio ya aina hiyo naona yana faida.

Miaka mitatu baadaye, 1993, alikuwa katika L'Homme qui, mchezo uliotokana na kitabu cha daktari Oliver Sacks kuhusu watu walioumia ubongo. Wachezaji walikuwa wanne tu: Sotigui, Oida, Bennent na Maurice Bénichou. Jukwaani hamkuwa na kitu isipokuwa meza, viti, makoti meupe ya hospitali na televisheni. Kila mmoja alikuwa daktari, kisha mgonjwa, kisha daktari tena. Katika sehemu moja Oida ni mgonjwa anayeambiwa anyoe ndevu, naye ananyoa upande mmoja wa uso na kuridhika kabisa kwamba amemaliza, kwa kuwa upande wa pili kwake haupo. Ukifikiri kuwa mchezaji wa majaribio ni lazima apige kelele, fikiria wanaume wanne watu wazima wanaojifunza kwa miezi namna ya kushindwa kuinua kijiko.

Kwa upande wa filamu nitaizungumzia zaidi Keïta, l'héritage du griot ya mwaka 1995, kwa sababu ndani yake Sotigui hakuchezea watu wa mbali. Aliyeiongoza ni Dani Kouyaté, mwanawe wa kumzaa, na lugha zake ni Kijula na Kifaransa. Mzee Djeliba, manju wa kijijini, anafunga safari hadi mjini kumsimulia mtoto wa shule aitwaye Mabo Keita asili ya jina lake. Baba wa mtoto anaona fahari. Mama anaona balaa, kwa kuwa mtoto ana mtihani. Shuleni mwalimu anafundisha kwamba binadamu ametokana na jamii ya nyani, na nyumbani mzee aliyejilaza kwenye kitanda cha bembea anamwambia mtoto kuwa wazee wake hawakuwa sokwe, walikuwa wafalme. Mtoto anasahau hesabu. Anaanza kuwasimulia wenzake, nao wanayasahau masomo yao. Mwalimu anakuja kugombana na manju, na manju anamuuliza swali moja dogo: jina lako wewe maana yake nini? Mwalimu hajui.

Filamu nyingine ingeishia hapo, mzee kashinda, watu wapige makofi. Hii haiishii hapo. Mwalimu si mpumbavu, na mama ana haki yake, maana mtoto asiyefaulu mtihani hataajiriwa kwa kujua habari za Sundiata. Sotigui anamcheza Djeliba kwa ukaidi wa kweli wa wazee, ukaidi unaokera, wa mgeni asiyeona kuwa amevuruga nyumba ya watu. Hatimaye anaondoka kabla ya kumaliza hadithi. Mtoto anabaki na nusu ya jina lake, na mama anabaki na mtoto aliyeharibikiwa na mwaka wa shule. Filamu hiyo ilipata zawadi ya Oumarou Ganda, inayotolewa kwa kazi ya kwanza ya mwongozaji, katika tamasha la FESPACO la Ouagadougou mwaka huohuo.

Nilipoitazama nilifikiria namna sisi tulivyowafanya manju wetu. Tumewapa fulana zenye picha, tumewapanga mstari kwenye jua la uwanja wa ndege, na wanacheza dakika tano mgeni akishuka ngazi. Mgeni akipanda gari, ngoma inakatizwa katikati. Hatuwaogopi tena. Djeliba alikuwa wa kuogopwa, kwa sababu alikuwa na kitu cha kumwambia mtu nyumbani kwake.

Zile nyingine nitazipitia kwa haraka. Mwaka 1999 Cheick Oumar Sissoko wa Mali alitengeneza La Genèse, habari za Yakobo na Esau zilizopigwa picha katika nchi kame ya Mali, na humo Sotigui ni Yakobo na mwimbaji Salif Keita ni Esau. Wamandinka walioitazama walikuwa na la ziada la kuona, maana Keita na Kouyaté, mfalme na manju wake, wamefanywa ndugu wanaochukiana. Tena Salif ndiye yule Keita ambaye wazee wake walimkataza uimbaji kwa kuwa ni kazi ya kina Kouyaté. Mwaka 2001, katika Little Senegal ya Rachid Bouchareb, Sotigui ni mtembeza wageni katika nyumba ya watumwa ya kisiwa cha Gorée. Anakwenda Marekani kuwatafuta ndugu zake waliouzwa, anawafuata kwa kumbukumbu za mashamba ya kusini hadi Harlem, na anagundua kwamba ndugu hao hawana haja naye.

Tierno Bokar, mchezo wa Brook wa mwaka 2004, ungewavutia sana wasikilizaji wetu wa Pwani. Ulitokana na kitabu cha Amadou Hampâté Bâ kuhusu mwalimu wake, sheikh wa tarika ya Tijania katika mji wa Bandiagara, zama za utawala wa Wafaransa. Ugomvi wote ulihusu uradi mmoja: usomwe mara kumi na moja au mara kumi na mbili? Watu waliuana kwa ajili ya hesabu hiyo, na Wafaransa wakachochea kwa kuwa iliwafaa. Tierno Bokar alikuwa wa kumi na mbili. Alipokutana na sheikh wa kumi na moja na kuona ukweli wake akaamua kumfuata, na watu wake wakamsusa mpaka akafa peke yake. Hapa tena Sotigui ni mzee wa busara, sikatai. Lakini ni mzee ambaye busara yake imemponza.

Hatimaye London River, filamu ya Bouchareb iliyompatia Sotigui tuzo ya mchezaji bora wa kiume mjini Berlin, Februari 2009. Tarehe 7 Julai 2005 mabomu yaliwaua watu 52 katika treni na basi mjini London. Mama mmoja wa Kiingereza kutoka kisiwa cha Guernsey, ambaye ni Brenda Blethyn, anakuja kumtafuta binti yake. Mwafrika mmoja anayefanya kazi ya misitu Ufaransa, ambaye ni Sotigui, anakuja kumtafuta mwanawe. Mama anagundua kuwa binti yake alikuwa akiishi na kijana Mwislamu na akijifunza Kiarabu, na anamwogopa huyu mzee mrefu anayemfuatafuata, baba wa kijana yuleyule. Wazazi hawa hawana kitu kimoja cha kuwaunganisha isipokuwa hofu. Mama huyo anaongea sana, analia, anapiga simu. Mzee anasikiliza.

Kuna jambo moja la baba huyo ambalo filamu haikulisisitiza: mwanawe hamjui. Alimwacha mdogo kwao Afrika alipokwenda Ufaransa kutafuta riziki, na sasa amebeba picha ya kijana ambaye hana hakika kama angempita njiani angemtambua. Wapo wanaume wengi katika mji huu wanaosoma gazeti hili au kulisikiliza redioni neno hili ambao wanajua nasema nini. Watoto wako kijijini kwa bibi yao, fedha zinatumwa, miaka inakwenda. Sotigui anapoitazama picha ile hafanyi kitu chochote kwa uso wake. Haukunji uso wala hatoi chozi. Hapo ndipo nilipoona kuwa ule ukimya wa manju haukuwa pambo la Mwafrika wa kupendeza Wazungu. Baba huyo hana la kusema kwa sababu hana haki ya kulia kama mama yule aliyemlea mwanawe mwenyewe, na anajua hivyo.

Wakati wa tuzo hiyo alikuwa na miaka sabini na miwili. Mwaka uliofuata alifariki.

Narudi kwa msikilizaji aliyeniandikia, kuhusu koti la Mzungu. Sotigui hakuacha kurudi nyumbani. Mwaka 1997 yeye na wenzake walianzisha kikundi cha Mandéka Théâtre mjini Bamako, na katika mwaka huohuo Mahamat-Saleh Haroun wa Chad alitengeneza filamu ya kumbukumbu juu yake, ambayo ukiipata itazame kabla ya hizi nyingine zote. Mwanawe mwingine, Hassane, ni msimuliaji na mwongozaji wa michezo. Na Dani, yule wa Keïta, tarehe 1 Machi 2025 alisimama mjini Ouagadougou kupokea Farasi wa Dhahabu wa Yennenga, tuzo kuu ya FESPACO, ambayo Burkina Faso haikuwa imeipata tangu mwaka 1997. Filamu iliyompatia inaitwa Katanga. Ni Macbeth ya Shakespeare, imehamishiwa katika ufalme wa Kiafrika na kusemwa kwa Kimoore.

Macbeth nasi tunayo kwa Kiswahili. Mushi huyohuyo wa Tufani aliifasiri, ikachapishwa mwaka 1968 kwa jina la Makbeth. Nakala yangu imepoteza jalada, lakini kurasa zote zipo, na kikundi chochote kitakachotaka kuisoma kwa nia ya kuicheza kinajua pa kunipata.